Kufuli la Mtakatifu Ramón

Petronila Arreola alikuwa fundi cherehani, na katika mji wa wachuma zabibu wa Tres Álamos fundi cherehani hujua mambo kuliko padri. Kwa padri mtu hupeleka dhambi alizozichagua mwenyewe. Kwa fundi hupeleka mwili mzima, anainua mikono apimwe kifua, na mikono ikishakuwa juu, mdomo nao hulegea. Mama Petra alishona magauni ya mabinti wanaotimiza miaka kumi na mitano, yale mapana ambayo binti huingia nayo kanisani kwa ubavu, na kila gauni lilimjia na habari zake: baba mwenye nyumba ya pili Fresno, bibi anayemficha mjukuu, mkwe ambaye mama wa binti hataki hata kumsikia. Yote yaliingia chumbani mwake na hakuna lililotoka.

Halikutoka kwa sababu ya Mtakatifu Ramón. Ilikuwa sanamu ya udongo, urefu wake kama chupa ya soda, joho jekundu, imesimama rafuni juu ya cherehani, na mdomoni imening'inia kufuli la kweli, dogo, la kufungia sanduku. Wasemavyo, maadui zake walimtoboa midomo wakaitia kufuli asihubiri, basi tangu hapo amekuwa mlinzi wa watu dhidi ya umbea. Mtu akifika kwenye jambo zito, Mama Petra hunyoosha mkono akalibana lile kufuli: tak! Na yule wa pili hana budi kujibu, "Imefungwa." Asipojibu, mazungumzo hurudi kwenye lesi na vifungo. Kila mwanamke wa Tres Álamos analijua hilo, na katika ugomvi wote uliowahi kutokea mjini humo, hakuna aliyesema chanzo chake ni chumba cha Petra.

Yadira Montejano alilijua kuliko wote. Alikuwa mtoto wake wa ubatizo. Huku mama wa ubatizo huitwa Nina, na wazee wa Kiswahili watatabasamu, maana kwao neno hilo hilo ni mama. Na Petra alikuwa mama kweli. Yadira alikulia chini ya meza ya kukatia vitambaa, akiokota pini kwa sumaku huku mama yake mzazi yuko kwenye mashamba ya mizabibu. Gauni lake la miaka kumi na mitano lilikuwa rangi ya pichi, na Petra hakukubali kulipwa hata uzi. Kisha mtoto akaenda Los Angeles kusomea filamu za maisha ya kweli, akarudi mtu mzima, na kamera begani.

Mji ulimpokea kwa tamale za unga wa mahindi na vifijo. Si kwamba watu walikuwa hawajawahi kupigwa picha. Wageni wenye kamera huja kila msimu wa mavuno, wanauliza habari za jua na jasho, wanaondoka. Hilario, mume wa Petra, alikuwa na wimbo wake kuhusu jambo hilo.

"Mimi kwenye televisheni nina kazi tatu," alikuwa akisema. "Ama nauza unga, ama naruka ukuta wa mpakani, ama nafagia nyuma ya mtu anayeongea. Siku moja nataka niwe yule anayeongea."

"Sasa utaongea, mzee wangu," Yadira alimwambia, akamkumbatia. "Mimi sitapiga picha za shida. Nitapiga picha za watu."

Basi wakafungua milango. Mwoka mikate alikataa kupigwa picha bila tai, akakanda unga siku nzima na tai yake ya harusi. Mama Chole, jirani yao, alisuka nywele kila asubuhi miezi mitatu kwa kuwa hakujua zamu yake itafika lini. Petra alibandikwa kinasa sauti ndani ya blauzi, kidogo kama mdudu, na wiki ya kwanza alikuwa akikisemesha: "Unasikia wewe? Ninakwenda chooni, funga masikio." Yadira alikuwa akicheka mpaka kamera inatikisika. Zilikuwa siku nzuri, na hakuna haja ya kulificha hilo. Petra alimwona mtoto wake akifanya kazi kama fundi, hana haraka, anangoja mwanga ufike kwenye kitambaa, akawa anajivuna sokoni kupita kiasi.

Sasa sikilizeni kuhusu ukuta. Mbele ya kanisa la Tres Álamos kuna ukuta uliochorwa picha ya mgomo wa zabibu wa miaka arobaini na kitu iliyopita, ule uliowapa wachumaji maji ya kunywa shambani na vivuli vya kupumzikia. Chini ya picha yameandikwa majina ya watu ambao hawakuvuka mstari wa wagomaji kuingia shambani hata mara moja mgomo ulipokuwa unaendelea. Aliyevuka ana jina lake, eskirol, na Tres Álamos afadhali uitwe mwizi. Mwizi hutoka jela. Eskirol hubaki eskirol mpaka kwa wajukuu, na wapo watu wa mji ule waliohamia jimbo jingine kwa ajili ya neno hilo. Hilario Arreola jina lake limo ukutani, mstari wa pili. Kila Septemba, siku ya kumbukumbu, watu humwomba apande jukwaani aseme machache, na kila Septemba koo lake huuma.

Asubuhi moja ya Februari mvua ilikuwa inanyesha na Petra anakunja pindo la gauni. Yadira alikuwa amekaa mbele yake na kamera.

"Nina, kwa nini mzee huwa hataki kusema jukwaani? Kila mwaka koo. Koo gani hilo linalojua kalenda?"

Petra alicheka, kisha kicheko kikamkauka. Alikuwa amelibeba jambo lile tangu ujana. Hakuwa amemwambia dada yake, wala padri, maana padri wa wakati ule alikuwa akicheza domino na viongozi wa mgomo. Alilitazama lile jicho la kioo la kamera, akamtazama mtoto aliyefundishwa naye kutembea, akanyoosha mkono rafuni.

Tak.

Yadira akaiteremsha kamera kutoka begani, akaiweka mezani katikati ya vitambaa. "Imefungwa," akasema.

Taa nyekundu ya kamera ilikuwa bado inawaka. Petra aliiona. Na hapa ndipo palipo na kosa ambalo asingelifanya mtu wa mji mwingine: kwake yeye, kufuli likishabanwa na neno likishajibiwa, hata taa ziwe kumi, imefungwa. Angewezaje kuwaza kwamba kuna mashine isiyomjua Mtakatifu Ramón?

Akasema. Kiangazi cha mgomo, binti yao Elvira alikuwa mchanga, mapafu yake yanakoroma kama jungu linalochemka. Fungu la fedha za mgomo lilikuwa limekwisha. Dawa ilikuwepo mjini na hawakuwa na cha kuinunulia. Msimamizi wa shamba akapeleka habari kwamba anayetaka kazi apande lori lake kabla ya jua, njia ya mfereji, hakuna atakayemwona. Hilario alipanda. Alichuma zabibu muda wa wiki na kitu, mpaka mtoto akapumua vizuri. Kila jioni alikuwa akioga mara mbili ili asinuke zabibu, kisha anakwenda kusimama na wenzake kwenye mstari na bendera mkononi.

"Walipoandika majina ukutani alitapika," Petra alisema. "Nikamwambia nyamaza. Mimi ndiye niliyemwambia nyamaza, mwanangu. Alitaka kusema."

Yadira alilia. Wakalia wote wawili, kisha wakanywa uji wa mahindi, na Petra akashona gauni lile kwa moyo mwepesi kuliko alivyowahi kushona lolote.

Filamu ilikwisha Mei. Ilionyeshwa kwanza mbali, kwenye tamasha la jiji moja kubwa, ikasifiwa. Juni, Jumapili baada ya misa, Yadira akaileta ukumbi wa parokia. Alikuja na wageni wachache wa jijini waliovaa nyeusi kwenye joto lile. Hilario alipiga pasi shati jeupe mwenyewe. Yeye na Petra walikalishwa mbele kabisa, kama wazazi wa bibi harusi, na nyuma yao wamekaa wazee wa mgomo na watoto na wajukuu wao.

Ukumbi ulicheka ulipoiona tai ya mwoka mikate. Mama Chole alipotokea na nywele zake, watu walipiga miluzi, naye akasimama akainama kama malkia. Petra alimshika Hilario mkono. Alikuwa anawaza kwamba kweli, safari hii ni sisi.

Kisha pazia la filamu likawa jeusi. Katika ule weusi ikasikika sauti moja.

Tak.

Wageni hawakuielewa. Lakini wanawake wa Tres Álamos walivuta pumzi kwa pamoja, ukumbi mzima, na Mama Chole akamkamata Petra begani kutoka nyuma: "Petra! Petra, hiyo si...?" Kabla hajamaliza, uso wa Petra ulikuwa umejaa pazia, umepigwa kutoka chini, kutoka mezani kati ya vitambaa, na mdomo wake unasimulia.

Alisimulia yote. Lori, mfereji, kuoga mara mbili. Hilario hakuutoa mkono wake, ila ule mkono ulikufa ndani ya mkono wa Petra.

Taa zilipowashwa, wageni wa jijini walisimama kupiga makofi. Mmoja alishika maikrofoni akasema lile kufuli ni picha ya ukimya wa wanawake wetu, na jinsi kamera ilivyowapa sauti. Alikuwa anatokwa na machozi huyo. Nasema wazi, kama angekuwa anauza kitu ningemfukuza kwa ufagio. Hilario alinyanyuka, akafungua njia kati ya viti, watu wakampisha kama wanavyompisha mgonjwa.

Nyumbani alivua shati akalikunja vizuri.

"Ulimwambia lini?"

"Februari."

"Tangu Februari unanitazama usoni."

"Layo," Petra alisema, akimwita kwa jina la mkato, "nilifunga kufuli. Yeye mwenyewe alijibu, haki ya Mungu..."

"Kufuli la nani?" Hilario aliuliza, bila kupaza sauti. "Siri ilikuwa yako?"

Kumwaga mtama penye kuku wengi ni jambo moja. Kuwa mtama wenyewe si wako ni jambo jingine.

Yadira alikuja kesho yake asubuhi, macho yamevimba. Petra hakumkaribisha kiti, naye akasimama palepale wanaposimama mabinti wanaopimwa.

"Nina, nisikilize. Nilimwonyesha kama binadamu. Watu wote kule walilia kwa ajili yake. Hakuna hata mmoja aliyemlaumu."

"Kule hawamjui. Atamlaumuje mtu asiyemjua?"

"Filamu ilikuwa haisimami. Nilipowaonyesha mara ya kwanza, wakubwa waliotoa fedha wakaniambia tamu mno, watu wenu wanashona na kula mikate tu, mgogoro uko wapi? Wangeitupa. Miaka mitatu ya kazi, Nina. Mwoka mikate, Mama Chole, wewe, wote wangetupwa."

"Kwa hiyo ukamtupa mmoja."

"Wewe ndiye uliyesema kwamba alitaka kusema! Maneno yako hayo. Nilidhani namsaidia."

Petra aliweka mkasi chini. Usiku uliotangulia hakulala, alikuwa akiirudia ile filamu kichwani kama mtu anayekagua mshono, na alikuwa amepaona mahali palipofumuliwa.

"Kufuli lilisikika," alisema taratibu. "Kisha nikaanza kusema. Hapo katikati pana neno. Sauti yako ilikuwepo. Iko wapi?"

Yadira alitazama pini zilizotapakaa sakafuni.

"Ungekuwa umesahau, mwanangu, ningekusamehe. Ungekuwa mgeni hujui mila yetu, ningekusamehe na kukupikia. Lakini ulilitafuta lile neno, ukalipata, ukalikata. Ulijua ni nini. Si kweli kwamba ulijua?"

"Nilijua," Yadira alisema, kwa sauti ndogo kama ya mtoto aliyevunja sahani. Petra alitamani sana angedanganya.

Hilario aliacha kwenda kwenye domino nyuma ya duka la mikate. Hakuna aliyemfukuza, alijifukuza. Kula alikula, kujibu alijibu, sawa, ndiyo, asante, kama mpangaji mwenye adabu. Kisha alasiri moja Mzee Wenceslao, aliyekuwa mshika kipaza sauti wa mgomo siku zile, akaja na mfuko wa mikate mitamu, akakaa barazani bila kukaribishwa. Petra alikuwa dirishani anachambua maharage, na wavu wa dirisha hauzuii sauti.

"Wewe bwege," Wenceslao alianza, "umetuacha watatu mezani. Domino ya watu watatu ni kama kitanda cha miguu mitatu."

"Wences, usinifanyie mzaha."

"Sifanyi. Nimekuja kukuambia neno. Tulijua."

Hilario aligeuka kumtazama.

"Tulijua, Layo. Siku ya kwanza tu. Lori lilipita mferejini na mimi na marehemu Fidencio tulikuwa tumejificha kwenye matete kuwahesabu wanaovuka. Ukajifunika kofia usoni. Kofia yenyewe nilikupa mimi, siku ya ubatizo wa Elvira! Nani mwingine alikuwa na kofia ya kijinga vile?"

"Na hamkusema?"

"Mtoto alikuwa mgonjwa. Tukaulizana, nani kamwona? Hakuna aliyeona. Basi. Hata wake zetu hatukuwaambia. Fidencio ndiye aliyetaka jina lako lisikose ukutani, ili watu wasiulize."

Dirishani, Petra aliyaacha maharage. Wanaume wawili, bila mtakatifu wala kufuli, walikuwa wamemtunzia mumewe heshima miaka yote hiyo. Yeye aliyesifiwa mji mzima kwa kuficha siri za watu, hakuweza kuificha ya nyumbani kwake.

"Basi hakuna kilichoharibika," Hilario alisema, na sauti yake ilikuwa na tumaini la kumuumiza mtu moyo.

Wenceslao alitikisa kichwa. "Kujua si kitu, Layo. Kujua tungeendelea kujua mpaka kaburini. Sasa imesemwa. Wajukuu wa wale tuliowaita eskirol wamekuja kwenye chama cha wachumaji. Wanauliza, babu yetu alihamishwa mji, huyu mbona yuko ukutani? Niwajibu nini? Sina la kuwajibu. Wanataka jina litoke."

"Nani atalitoa?"

"Mimi sitalitoa. Wakitaka wanikate mkono."

"Sikukuuliza wewe," Hilario alisema, na kwa mara ya kwanza tangu Juni alimcheka rafiki yake kidogo. "Nimeuliza nani."

Jumamosi asubuhi alichukua kopo la rangi nyeupe na brashi, akavaa shati safi, akatoka. Petra alimfuata nyuma hatua chache, kwa kuwa hakuambiwa aje wala asije. Mbele ya kanisa kulikuwa na wanawake wanapanga maua ya harusi. Walimwona anaweka kopo chini ya ukuta, wakaacha maua, wakatazama pembeni kwa heshima, kama unavyotazama pembeni mtu akivua nguo.

Yadira alikuwa amekuja mjini siku hiyo kuomba radhi tena. Petra alipogeuka alimwona ng'ambo ya barabara, karibu na gari lake, ameshika shada la maua mkono mmoja. Akamwona analitua shada juu ya gari. Akamwona anaingiza mkono kwenye begi.

Alikuwa analia, na ukweli lazima usemwe, machozi yake yalikuwa ya kweli. Alilia na huku anaweka kamera begani, analia na huku anatafuta mwanga, kwa uangalifu uleule, bila haraka.

Petra akavuka barabara mbio, mama wa miaka sitini na sita na ndara zake, akanyoosha kiganja kuziba kile kioo. "Wewe! Huna hata aibu? Zima! Zima hicho kitu, nasema!"

Hilario alikuwa amekwisha fika kwenye herufi ya tatu ya jina lake, akilifunika kwa rangi. Hakugeuka.

"Mwache apige," alisema. "Si ni wewe uliyemkaribisha?"

Mkono wa Petra ukashuka. Akabaki amesimama katikati ya barabara, nyuma yake kamera, mbele yake mumewe anapaka rangi, na gari lililokuja lilimpigia honi mara mbili kabla hajasogea.